Shangazi, niende saluni na kichwa cha namna gani?

Shikamoo Shangazi,

Mimi ni mama wa watoto wawili, nina miaka 31, naishi Gungu hapa Kigoma na shughuli yangu ni dagaa, pale mwalo wa Kibirizi. Nimeweka nafasi kwa msusi mmoja wa Mwanga, Jumamosi ya mwisho wa mwezi huu saa nne asubuhi, na kianzio cha shilingi 5,000 nimeshamtumia kwa simu. Nakwenda kukata. Nilianza kutia dawa nilipomaliza kidato cha nne, nikaacha mwaka jana, sasa ni miezi 14 sijaigusa. Kwa hiyo kichwa kimoja kina nywele mbili: kwenye ngozi kipilipili changu cha kuzaliwa, huku nje mikia ya dawa imelala kama majani ya mgomba yaliyokauka. Nataka mikia yote iondoke nibaki na afro fupi ya mviringo. Kwa sasa nimesuka rasta, zina miezi miwili.

Kukata hakunitishi. Kinachonitisha ni kufika.

Miezi sita iliyopita nilikwenda saluni nyingine, jina nalihifadhi, kupunguza ncha tu. Niliamka asubuhi, nikafumua harakaharaka, nikajipaka mise, yale mafuta ya kokwa za michikichi, kichwa kizima ili nywele zilainike. Yule dada alipotia mkono kichwani akaunyanyua juu, wateja wote wauone unavyong'aa, akasema, "Huyu kaja kukatwa nywele au kukaangwa?" Saluni nzima ikacheka. Akaniongezea 5,000 ya kuosha na kuchambua mafundo, akachana kwa hasira, akakata zikiwa mbichi nusu. Kwenye kioo nilikuwa sawa. Nilipofika nyumbani zikakauka, upande wa kulia umepanda juu ya sikio, wa kushoto umening'inia. Nilifunga kilemba miezi mitatu.

Safari hii nimeuliza watu, kila mmoja na lake. Mama mkwe anasema nisioshe kabisa, niende na uchafu wangu na mafuta, la sivyo ngozi itaungua. Mwenzangu wa mwaloni anasema nioshe asubuhi ileile nifike zikiwa bado mbichi. Jirani anasema rasta nikafumuliwe hukohuko. Na mimi kazini kwangu ni jua, moshi na dagaa, naona haya mtu anishike kichwa kinanuka samaki. Nilikuwa nafikiria nipulize pafyumu.

Tena nilitaka nimchukue na mwanangu wa miaka sita akanyolewe siku hiyohiyo. Ana viduara vya unga mweupe kichwani, na pale penye viduara nywele zimekatika. Nadhani ni mba.

Mikia ya Dawa, Gungu

*

Marahaba mwanangu. Nimecheka hapo kwenye kukaangwa, unisamehe, halafu nikakasirika kwa niaba yako. Mteja akija na mafuta anaambiwa kwa sauti ya chini, hafanywi kichekesho.

Tuanze na mama mkwe wako, maana naona umemweka kwenye kundi la wanaokuchanganya. Hakuchanganyi. Anajibu swali la zamani. Wakati wa kutia dawa, ushauri wake ndio huohuo tuliokuwa tukiwapa wateja: usioshe siku mbili tatu kabla, usikune, usichokonoe ngozi na kitana, mafuta yako ya asili yaache yalipo. Sababu yake unaijua hata kama hukuwahi kuifikiria. Umeona wapishi wa sabuni ya mawese wanavyoishika kostiki soda kwa tahadhari? Dawa nyingi za kunyoosha zimejengwa juu ya kitu hichohicho, sodiamu haidroksaidi, na zile zinazouzwa kuwa laini zaidi hutumia ndugu yake wa kalsiamu. Kikikuta ngozi iliyooshwa sasa hivi, au iliyokwaruzwa, kinaingia. Ndiyo maana vidonda.

Lakini mwanangu, wewe huendi kutiwa dawa. Unaendea mkasi, na mkasi hauunguzi ngozi. Wanawake wengi wa rika lako wamekulia kwenye dawa mpaka sheria za dawa zimegeuka sheria za saluni nzima. Mtu anakwenda kukata, kusuka, hata kunyoa, anafuata mwiko uleule wa kutokuosha.

Kukata kunataka kinyume chake: kichwa kisafi, kikavu, kisicho na mafuta, kilichochanuliwa mpaka chanuo linapita. Msusi anakata anachokiona. Ukimpelekea nywele zilizogandamana kwa mafuta, ataona kichwa chembamba kilicholala, atakata cha huyo. Siku ukiosha, kichwa chako halisi kitasimama na kumshangaa. Mise ni mazito, na sisi wa Kigoma mkono wetu si mwepesi kwenye mafuta. Juu ya hayo, kama atamalizia kwa mashine, nywele zenye mafuta zinashikana na kujaza meno yake, mashine inaanza kuvuta badala ya kukata.

Hata hivyo, yaliyokupata siku ile usiyabebe yote wewe. Mise yalimpotezea muda yule dada, na haraka yako ya asubuhi ilimwachia mafundo, hayo ni yako. Sikio lililoachwa wazi ni lake. Kipilipili kikiwa kibichi na kimevutwa na chanuo kinarefuka. Kikikauka kinajikunja na kupanda. Kwa vichwa vingine hujikunja mpaka nusu ya urefu, vingine zaidi ya nusu. Yeye alikata zikiwa mbichi nusu, maana yake upande mmoja ulikuwa umeshaanza kupanda na mwingine bado umenyooka kwa maji, akavilinganisha kwenye kioo. Vilikuwa sawa dakika hiyo tu. Kwa hiyo mwenzako wa mwaloni anayetaka ufike na maji kichwani, mwambie asante, hapana. Kwa nywele za singa labda. Kwa kipilipili kinachokwenda kupewa umbo, hapana.

Sasa rasta. Hapa ndipo nataka unisikilize kuliko pengine pote, maana kazi ya Jumamosi inaharibikia hapa.

Usifumue Jumamosi asubuhi, na usiende nazo. Fumua Jumatano jioni, ukiwa umekula na watoto wamelala. Jirani yako hakosei kwamba saluni wanafumua, wanafumua sana, ila unalipia, na anayefumua mara nyingi ni binti anayejifunza kazi, mkono mmoja kwenye rasta mwingine kwenye simu. Kwa nywele zako za sasa hilo ni hatari. Pale kipilipili kinapokutana na mkia wa dawa ndipo palipo dhaifu kuliko mahali pote kwenye unywele. Mtu akivuta bila kuangalia, zinakatikia hapohapo, na nyingine juu zaidi, ndani ya kile unachotaka kibaki.

Ukikata mwisho wa rasta kwa mkasi, hakikisha umeshuka chini kabisa ya nywele zako. Nimewahi kuona mtu akijikata afro yake mwenyewe akidhani anakata rasta. Fumua moja moja. Kwenye shina la kila rasta utakuta kijipete cha uchafu wa kijivu: vumbi, jasho, mafuta na ngozi iliyokufa, na kwako wewe uongeze moshi wa Kibirizi. Kijipete hicho usikitie maji! Maji yakikikuta kabla ya chanuo, kinakaza, nywele zinajisokota humo, na fundo lake hutalimaliza usiku ule. Chukua kondishena kidogo kwenye ncha ya kidole, au tone moja tu la mafuta, kisugue kijipete mpaka kilegee, kitenganishe kwa vidole, halafu chana. Kwanza chanua, maji baadaye.

Utakapomaliza utakuwa na bonge la nywele mkononi kama kiota cha ndege, na nakuonya mapema ili usinipigie kelele usiku. Kichwa cha mtu hudondosha kati ya nywele 50 na 100 kila siku. Zako miezi miwili zimekosa pa kudondokea, zimebaki ndani ya rasta. Zidisha siku 60: ni nywele 3,000 mpaka 6,000, na hujaugua kitu. Zichunguze tu. Zenye kijipunje cheupe upande mmoja zimedondoka zenyewe kwa wakati wake. Ukiona vipande vifupi vingi visivyo na kijipunje, hizo zimekatika, na ni jambo la kumwambia msusi. Vilevile jipapase kwenye paji na juu ya masikio. Kama nywele za pembeni zimekuwa chache na ngozi inauma ukiigusa, rasta zilikazwa mno. Mwambie asikuchongee umbo linalotegemea nywele za pale.

Alhamisi uoshe. Gawa kichwa mafungu manne au sita, kila fungu libane au lisokote, uoshe fungu kwa fungu. Shampuu mara mbili: ya kwanza itatoka na vumbi na mafuta, haitafanya povu la maana, usidhani ni feki. Ya pili ndiyo itakayotoa harufu ya dagaa. Sabuni ya kipande nakuomba uiache kwenye nguo. Maji ya ziwa letu, Tanganyika, yana asili ya magadi, pH yake, yaani kipimo cha asidi na magadi, hukaribia 9 wakati maji yasiyoelemea upande wowote huwa 7, na yana madini yanayoshikana na sabuni na kuacha utando mweupe. Utando huo ukikauka kichwani utaonekana kama mba, na nywele zitakwaruza kama gunia. Shampuu haina shida hiyo. Kisha kondishena kutoka katikati mpaka ncha, iache dakika chache, chana ukianzia kwenye ncha na kupanda taratibu kuelekea kwenye shina, suuza mpaka mkono usihisi utelezi.

Mafuta usipake. Najua vidole vitakuwasha. Usipake.

Zikiwa na unyevu kidogo tu, zifunge kwa uzi, zile nywele za uzi walizotufunga mama zetu, mafungu manane au kumi, bila kukaza. Au sokota twisti kubwakubwa. Tunataka zikauke zikiwa zimenyooka bila moto, ili msusi auone vizuri mpaka, kipilipili kinaishia wapi na dawa inaanzia wapi. Kwa hesabu ya kawaida nywele hukua kama sentimita moja na kidogo kwa mwezi, hivyo miezi 14 imekupa kama sentimita 15 za kwako mwenyewe, pungufu kidogo au zaidi. Usizitafute kwa rula kwenye nywele zilizojikunja, utalia bure.

Ijumaa utakwenda mwaloni, najua, dagaa hawangoji. Funga kichwa kitambaa cha pamba juu, na ndani yake kile kilaini cha kulalia kama unacho, usikaze kwenye paji. Pafyumu sahau. Spiriti iliyomo inakausha nywele, na harufu ya waridi juu ya dagaa ni harufu ya tatu ambayo haina jina. Hata hivyo sidhani kama msusi wa Mwanga atashtuka na dagaa. Nusu ya vichwa anavyovishika vimetoka ziwani au vinakwenda ziwani.

Ndani ya siku hizo mpigie simu, dakika tatu tu. Muulize: unakata nywele kavu au mbichi? Kuosha kumo ndani ya bei au ni pembeni? Saa nne ni saa nne yangu peke yangu au tumeitwa watu watano? Kianzio kinakatwa kwenye jumla? Mwambie waziwazi kwamba unatoka kwenye dawa, una miezi 14, unataka mikia yote iondoke. Msusi anayejua kazi hii atakuuliza utakuwa unazivaaje, zimejikunja zenyewe au zimechanuliwa zikasimama. Asipouliza, mwambie wewe. Mimi kama ningekuwa na mkasi wako ningeondoa kwanza mikia ikiwa imenyooka, nikibakiza vidole viwili zaidi ya pale unapopataka, kisha ningelowesha, niziache zikauke na kujikunja zinavyotaka, ndipo nichonge mviringo. Kuondoa zaidi ni kazi ya dakika. Akikwambia hivyo, umepata mtu. Akisema anakata zikiwa mbichi na kumaliza hapohapo, muulize kwa adabu kama anaweza kumalizia zikishakauka, umweleze kisa cha sikio.

Kama unavaa ushungi, uliza pia kama wana pazia au chumba cha ndani, usije ukafika ukakuta kiti chenyewe kinatazama barabara na bodaboda wamepaki mlangoni.

Na picha. Peleka moja au mbili, za mtu mwenye nywele zinazofanana na zako. Wasichana wanakuja na picha ya mtu mwenye mawimbi laini, wanataka umbo lile kwenye kipilipili kilichojikunja kama chemchemi ya kalamu. Siku moja Ujiji, enzi zangu za kusukia chini ya mwembe, niliwahi kuletewa picha ya wigi. Nilikata, ndiyo. Tukagombana, ndiyo.

Jumamosi asubuhi fungua uzi, zichane kwa vidole, kisha chanuo kubwa mara moja, basi. Usizibane kibutu nyuma, maana kibutu kinaacha mkunjo na msusi atakata mkunjo akidhani ni umbo lako. Kanga nyepesi kichwani ukiwa kwenye bajaji, vumbi la njiani linatosha kukurudisha Jumatano. Vaa nguo yenye shingo wazi, isiyovuliwa kwa kupitia kichwani. Hereni kubwa ziache nyumbani. Mumeo hukumtaja na mimi simuulizi.

Sasa huyu mtoto. Mwanangu, usimpeleke. Viduara vya unga na nywele kukatika palepale ndani ya kiduara, kwa mtoto wa miaka sita, hiyo siyo picha ya mba. Inafanana sana na mapunye. Mapunye ni fangasi, na yanahama kwa mashine ya kunyolea, kwa chanuo, kwa kofia, kwa mto wa kulalia. Ukimkalisha kwenye kiti kile na wao wasiisafishe mashine vizuri, utakuwa umemgawia mtoto wa mtu. Mpeleke kituo cha afya au zahanati wamwangalie. Mapunye ya kichwani hayaishi kwa kupaka tu, maana fangasi wameshuka ndani ya shina la unywele ambako dawa ya kupaka haifiki. Kwa kawaida mtoto hupewa dawa ya kumeza, kama griseofulvin, na humezwa kwa wiki kadhaa, siyo siku tatu mkaacha kwa sababu viduara vimefifia. Na wa pili mkague, maana wanalala pamoja. Chanuo la mtoto lisiguse kichwa chako, hasa wiki hii.

Narudi kwa mama mkwe, usimwache hivihivi. Mwambie Jumatano usiku akusaidie kufumua za kisogoni, zile mikono yako haifiki, na umweleze kwamba mise yake hujayatupa. Jumamosi jioni, nywele zikishakatwa na kukauka, apime kijiko kimoja cha chai, ayasugue viganjani mpaka yapate joto, ndipo akupake yeye mwenyewe. Kijiko kimoja. Akichota cha pili, mshike mkono.

Shangazi